Mwalimu Aliyevaa Mkufu wa Meya

Mwaka 1965 mji wa Kisumu ulifiwa na meya wake, Mathias Ondiek. Madiwani walipokutana kumtafuta mrithi na kura zikahesabiwa, mkufu wa umeya ulimwendea mwalimu, Grace Akech Onyango. Kabla yake hapakuwa na mwanamke Mwafrika aliyewahi kuongoza mji wowote nchini Kenya. Bunge la Taifa lenyewe, lililochaguliwa 1963, halikuwa na mwanamke hata mmoja.

Alipofariki tarehe 8 Machi 2023, siku ambayo dunia nzima huadhimisha Siku ya Wanawake, magazeti na viongozi walimkumbuka kwa orodha ya mambo aliyotangulia kuyafanya. Alikuwa meya wa kwanza mwanamke Mwafrika, mbunge wa kwanza mwanamke kuchaguliwa na wananchi, na mwanamke wa kwanza kukalia kiti cha Spika akiwa naibu wa muda. Yote ni kweli na yote yanastahili kuandikwa. Ila orodha ya namna hiyo ina haraka. Inatoka kwenye mkufu hadi bungeni kwa sentensi moja, kana kwamba udiwani ulikuwa ngazi tu ya kukanyagia. Mimi naona ni kinyume chake. Ukitaka kuelewa ni vipi mwanamke alishinda uchaguzi wa 1969 katika mji ulioumizwa kama Kisumu, anza na darasa, kisha nenda kwenye kamati za baraza la mji. Bunge litakuja lenyewe.

Tuanze basi na darasa. Katika Kenya ya mkoloni, mwalimu wa Kiafrika alikuwa na uzito ambao kijana wa leo hawezi kuukisia kwa kumtazama mwalimu wake akigombea nauli ya matatu. Baada ya ripoti ya Beecher ya 1949, mtoto wa Kiafrika alisoma miaka minne ya kwanza, akafanya mtihani wa mchujo. Aliyepenya alisoma miaka mingine minne, na mwishoni mwa darasa la nane akakutana na KAPE, mtihani uliokuwa mlango wa sekondari au wa kazi ya karani. Wengi waliachwa nje ya mlango wa kwanza, wengine wakaachwa nje ya wa pili. Aliyemwambia mzazi kama mwanawe anafaa au hafai alikuwa mwalimu. Na mzazi alisikiliza.

Mwalimu huyo huyo ndiye aliyesoma barua kutoka kwa mume aliyekwenda kibarua Nairobi au Mombasa, na ndiye aliyeandika jibu. Alijua nani kapeleka pesa nyumbani na nani kanyamaza. Alijua ng'ombe wa nani ameuzwa kwa ajili ya karo. Aliketi kanisani mbele, akaombwa kuwa katibu wa kila chama kilichoanzishwa, kwa sababu kalamu ilikuwa yake na kumbukumbu za mikutano zilihitaji mwandiko unaosomeka. Kabla mtu hajamwita mwanasiasa, alikuwa tayari amefanya nusu ya kazi za mwanasiasa, tena bila kuomba kura.

Ndiyo maana tukiwatazama Waafrika wanane walioingia Baraza la Kutunga Sheria kwa kuchaguliwa Machi 1957, tunakuta harufu ya chaki. Oginga Odinga alikuwa amefundisha Maseno. Ronald Ngala alikuwa mwalimu mkuu wa shule ya Buxton, Mombasa, na mwaka 1949 alikuwa amekwishatoa kitabu kuhusu nchi na desturi za Wagiriama. Daniel arap Moi alitokea ualimu huko Baringo na Tambach. Masinde Muliro na Bernard Mate nao walikuwa wamepitia darasani. Tom Mboya, aliyekuwa amesomea ukaguzi wa afya, alikuwa mmoja wa wachache waliotoka upande mwingine. Sheria ya uchaguzi ule ilisaidia pia, kwani haki ya kupiga kura ilipimwa kwa elimu, kipato, mali na utumishi, na mtu mmoja aliweza kupata hadi kura tatu. Kwa hesabu hiyo mwalimu na wanafunzi wake wa zamani walikuwa na kura nyingi kuliko mkulima aliyewalisha wote.

Ng'ambo ya mpaka, Tanganyika, hadithi ilikuwa ileile. Julius Nyerere alikuwa akifundisha Pugu huku akiongoza chama, mpaka 1955 alipolazimika kuchagua kimoja, akaacha kufundisha. Jina la Mwalimu halikumwacha hadi kaburini.

Nisieleweke vibaya. Chaki haimfanyi mtu kuwa kiongozi mwema, na historia yetu ina ushahidi. Mwaka 1984 Rais Moi aliwataka mawaziri na maafisa wake waimbe wimbo wake kama kasuku, vile yeye alivyouimba wa mtangulizi wake, Kenyatta. Aliyekaa darasa la mwalimu wa zamani, anayesema sentensi na watoto arobaini wakairudia kwa sauti moja, anajua mtindo huo umetoka wapi. Ualimu humpa mtu mazoea mawili yanayopingana: mazoea ya kumjua kila mtu kwa jina na hali ya nyumbani kwake, na mazoea ya kusimama mbele ya watu ambao hawaruhusiwi kubisha. Siasa huchagua lipi litakalokua.

Kwa mwalimu wa kike mambo yalikuwa tofauti kidogo. Katika Nyanza ya miaka ya 1930 na 1940, msichana aliyesoma hadi kufundisha alikuwa amepita katika tundu la sindano. Wamishonari walikuwa na shule zao za wasichana, Waanglikana Ng'iya, Wakatoliki Asumbi na Lwak, lakini nafasi zilikuwa haba na wazazi wengi waliona msichana anasomea nyumba ya watu. Aliyefaulu kupata cheti cha ualimu alijikuta ni mwanamke mwenye mshahara wa jina lake mwenyewe, anayezungumza Kiingereza na mkaguzi wa shule asubuhi, na jioni akazungumza na akina mama kuhusu homa ya mtoto. Maendeleo ya Wanawake ilipoanza 1952, na vyama vingine vya akina mama vikafuata, viongozi wake wengi mashinani walikuwa walimu au wake wa walimu na wachungaji. Grace Onyango ni wa kizazi hicho. Alizaliwa miaka ya 1920, akasomea ualimu, akafundisha, na mji wa Kisumu ukamfahamu kwanza kwa kazi hiyo.

Kisumu yenyewe haikujengwa kwa ajili ya watu kama yeye. Ni mji wa reli. Njia iliyoanzia Mombasa ilifika ufukweni mwa ziwa Desemba 1901, mahali palipoitwa Port Florence, na kutoka hapo mizigo ilipakiwa melini kwenda Uganda. Wazungu walipanda juu penye upepo, Wahindi wakashika maduka ya katikati ya mji, na Waafrika wakapangwa pembeni, katika mitaa kama Kaloleni na Shauri Moyo, au wakajijengea nje ya mpaka wa mji, kwenye vijiji vya Nyalenda na Manyatta ambavyo mji ulikuja kuvimeza baadaye. Baraza la mji kwa miongo mingi lilikuwa la Wazungu na Wahindi likiamua mambo ya Waafrika. Uhuru ulipofika, madiwani Waafrika walirithi jengo, joho, mkufu, na vitabu vya hesabu vilivyokuwa vimepangwa kwa ajili ya mji mdogo wa watu wachache waliohesabiwa kuwa ndio wakazi.

Hapa ndipo napenda kukaa kidogo, kwa sababu ndipo wasifu wa Grace Onyango hupita mbio.

Meya wa wakati ule hakuchaguliwa na wananchi moja kwa moja. Mwananchi alimchagua diwani wa wadi yake, na madiwani wakamchagua meya miongoni mwao. Kwa hiyo mwanamke kuwa meya mwaka 1965 hakukuhitaji umati wa uwanjani. Kulihitaji jambo gumu zaidi: wanaume waliokaa naye kwenye kamati, waliomwona akisoma makaratasi na kuhoji bajeti, waamue kwamba mwenzao huyu ndiye aongoze kikao. Hotuba za kupendeza hazina kazi kubwa hapo. Katika baraza la mji watu hujuana upesi. Nani anakuja amesoma kumbukumbu za mkutano uliopita na nani anazifungua kwa mara ya kwanza mezani, hilo halifichiki zaidi ya vikao viwili.

Na mamlaka ya meya hayakuwa makubwa kama mkufu unavyoonyesha. Utendaji ulikuwa mikononi mwa karani wa mji, mweka hazina na mhandisi. Bajeti ilipitia Nairobi, kwa waziri wa serikali za mitaa. Meya aliongoza vikao, akawapokea wageni, akasimamia mwenendo wa baraza. Nguvu yake ilikuwa ndani ya kikao: nani apewe nafasi ya kusema, nani anyamazishwe kwa adabu, hoja gani irudishwe kwenye kamati, na ipi isukumwe leo kabla watu hawajachoka. Mtu aliyetumia miaka akiongoza darasa hahitaji kufundishwa kazi hiyo.

Kuna jambo lingine ambalo wasomaji wa umri wangu hulisahau na wadogo hawajaambiwa. Miaka ile baraza la mji na shule vilikuwa kitu kimoja. Shule za msingi zilikuwa chini ya serikali za mitaa: majengo, madawati, na kwa sehemu kubwa hata mishahara ya walimu. Tume ya Kuwaajiri Walimu, TSC, haikuwapo hadi 1967. Chama cha walimu, KNUT, kilikuwa kimeanzishwa mwaka 1957, na moja ya vita vyake vikubwa ilikuwa mwalimu awe na mwajiri mmoja nchi nzima, kwa sababu aliyeajiriwa na kanisa, aliyeajiriwa na halmashauri na aliyeajiriwa na serikali walifanya kazi ileile kwa masharti tofauti, na halmashauri nyingi za wilaya zilikuwa zikichelewesha mishahara. Kwa mwalimu, basi, udiwani haukuwa kurukia fani ngeni. Ulikuwa kuhama kutoka upande wa meza unaosubiri mshahara na madawati, kwenda upande wa meza unaoyatia sahihi.

Mwanzoni mwa 1970 serikali kuu ilizinyang'anya halmashauri za wilaya elimu ya msingi, afya na barabara kwa sheria iliyopitishwa 1969. Manispaa ziliachiwa shule zao. Kisumu, kama Nairobi na Mombasa, iliendelea kuendesha elimu yake ya msingi. Ndiyo sababu hata miaka mingi baadaye watu wa miji hiyo walisema shule ya manispaa au shule ya baraza, na aliyetaka nafasi ya mtoto darasa la kwanza alijua mlango wa ofisi gani wa kubisha. Ukiangalia hapo, mwalimu kuwa meya ni jambo la kawaida kuliko tulivyozoea kulishangaa. Kilichokuwa kigeni ni kwamba mwalimu huyo alikuwa mwanamke.

Grace Onyango hakuwa mtu wa baraza tu. Alikuwa pia katibu mkuu wa Luo Union ya Afrika Mashariki, chama kilichowaunganisha Waluo waliotawanyika kwenye miji ya reli na bandari tangu miaka ya ukoloni. Leo vyama vya kikabila vinatajwa kwa kukunja uso, na serikali ya Moi ilivivunja vyote mwaka 1980. Lakini katika enzi zake chama kama hicho kilisafirisha maiti, kilichangia karo, kilisuluhisha ugomvi wa ndoa Kampala na Dar es Salaam. Kuwa katibu wake mkuu kulimaanisha kushika daftari la watu wengi kuliko wapigakura wa wadi yoyote. Na tena, kazi yenyewe ilikuwa ya kalamu.

Halafu siasa za kitaifa zikaingia mjini, na zikaingia vibaya.

Aprili 1966 Oginga Odinga alijiuzulu umakamu wa rais na kujiunga na chama kipya cha upinzani, KPU. Nyanza ya Kati ilimfuata. Wabunge waliohama chama tawala, KANU, walilazimishwa kurudi kwa wananchi katika uchaguzi mdogo wa 1966, na huko Nyanza KPU ikaonyesha kwamba ndiyo yenye watu. Serikali ilijibu kwa makaratasi. Katika uchaguzi wa serikali za mitaa wa 1968, wagombea wa KPU kote nchini walikataliwa kwa madai kwamba hawakujaza fomu zao sawasawa. Maafisa waliozikataa walikuwa watumishi wa serikali. Kwa njia hiyo mabaraza yote yalibaki mikononi mwa KANU, hata katika miji ambayo watu wake walikuwa wamekwisha kuipa kisogo.

Julai 1969 Tom Mboya alipigwa risasi Nairobi, mchana, akitoka dukani. Waluo waliokuwa wamegawanyika kati yake na Odinga wakajikuta na msiba mmoja na hasira moja. Oktoba 25 mwaka huohuo Rais Jomo Kenyatta alikuja Kisumu kufungua hospitali mpya iliyojengwa kwa msaada wa Urusi ya Kisovieti, ile ambayo mpaka kesho wenyeji wanaiita Russia. Odinga alikuwapo. Maneno makali yalirushwa jukwaani, umati ukapiga kelele za kumpinga rais, vurugu zikazuka. Walinzi wa rais walifyatua risasi kwenye watu, na msafara ukaendelea kufyatua ukiondoka mjini. Serikali ilitaja watu 11 waliokufa. Hakuna mtu wa Kisumu niliyewahi kumsikia akikubali idadi hiyo. Siku chache baadaye KPU ilipigwa marufuku na Odinga akawekwa kizuizini.

Uchaguzi mkuu ulikuwa tarehe 6 Desemba, wiki sita tu baada ya risasi zile. Chama kilikuwa kimoja, kwa hiyo mchujo wa KANU ndio uliokuwa uchaguzi wenyewe, na aliyeshinda humo alikwenda moja kwa moja bungeni. Hebu fikiria ulivyokuwa mji wakati ule. Viongozi waliokuwa na sauti walikuwa kizuizini au wamefungiwa mlango. Aliyejitokeza kugombea kwa tiketi ya KANU alibeba jina la chama cha serikali iliyoua. Anayegombea hapo awe nani hata watu wamtazame usoni?

Kisumu Mjini ilimchagua Grace Onyango. Akawa mwanamke wa kwanza katika historia ya Kenya kuingia bungeni kwa kura za wananchi. Katika Bunge lote la waliochaguliwa mwaka ule, alikuwa peke yake.

Sijawahi kuridhishwa na maelezo kwamba ushindi ule ulikuwa wa bahati, kwamba wanaume wote walikuwa wamefagiliwa na kiti kikaokotwa. Wanaume walikuwapo, hawakosekani kwenye kiti cha ubunge. Naona sababu iko karibu zaidi na nyumbani. Mji ulihitaji mtu ambaye jina lake lilikuwa limejengwa mahali pengine kabla ya chama kulitia doa, mtu aliyejulikana kwa mambo ya shule, nyumba na soko, ambaye mtu angeweza kumpigia kura bila kujihisi anampigia kura Kenyatta. Miaka ya barazani ilimpa Grace Onyango jina la namna hiyo. Udiwani, kazi ambayo wanasiasa wakubwa huikunjia pua, ulimwekea akiba ambayo ubunge haukuweza kumpa mtu yeyote mwaka 1969.

Bungeni alishinda tena 1974 na 1979. Katika uchaguzi wa 1974 aliungana na wanawake wengine waliochaguliwa na wananchi: Julia Ojiambo wa Busia, Nyiva Mwendwa wa Kitui, na Chelagat Mutai wa Eldoret Kaskazini, binti mdogo wa umri mwenye ulimi mkali, ambaye mwaka 1976 alifungwa jela. Lilikuwa Bunge la hatari. Machi 1975 mbunge wa Nyandarua Kaskazini, J. M. Kariuki, aliuawa na mwili wake kukutwa Ngong. Oktoba mwaka huo, naibu spika Jean-Marie Seroney na Martin Shikuku walikamatwa katika viwanja vya Bunge kwa sababu ya maneno waliyosema ndani ya ukumbi. Kukalia kiti cha Spika katika nyumba iliyoona mambo hayo, hata kwa muda, hata kwa saa moja ya alasiri, hakukuwa kazi ya mapambo. Anayekikalia ndiye anayemwambia waziri aketi.

Uwaziri haukumfikia. Wala haukumfikia mwanamke mwingine yeyote kwa muda mrefu. Kenya ilisubiri mpaka 1995 kumpata waziri kamili wa kwanza mwanamke, naye alikuwa Nyiva Mwendwa. Miaka 30 ilikuwa imepita tangu Kisumu imvishe mwanamke mkufu. Mabaraza ya miji yalitangulia Baraza la Mawaziri kwa kizazi kizima, na Nairobi nayo ilikuwa imemchagua Margaret Kenyatta kuwa meya mwaka 1970. Tunapenda kudhani mabadiliko hushuka kutoka juu. Katika jambo hili, juu ndiko kulikochelewa.

Uchaguzi wa 1983 ulimwondoa Grace Onyango bungeni. Aliishi karibu miaka 40 mingine, muda mrefu kuliko maisha yake yote ya siasa, na Kisumu ikaita ukumbi wa jamii kwa jina lake. Katika miaka hiyo aliona mji wake ukipandishwa hadhi kuwa jiji mwaka 2001. Aliona Katiba ya 2010 ikiunda viti 47 vya wawakilishi wa wanawake, kimoja kila kaunti, na ikitamka kwamba jinsia moja isizidi theluthi mbili katika vyombo vya kuchaguliwa. Aliona uchaguzi wa Machi 2013 ukifuta kabisa cheo kile alichokuwa nacho: mameya na madiwani wakaondoka, wakaja magavana na wawakilishi wa wadi. Mwaka 2017 wanawake watatu walichaguliwa kuwa magavana kwa mara ya kwanza, na mwaka 2022 wakafika saba. Kaunti ya Kisumu haimo katika orodha hiyo.

Lakini mimi huangalia wadi, kwa sababu huko ndiko mwalimu anakoanzia. Kenya ina wadi 1,450. Mwaka 2013 wanawake waliochaguliwa moja kwa moja na wananchi walikuwa 82. Mwaka 2017 walikuwa 96, na 2022 wakawa 115. Mabunge ya kaunti yamejaa wanawake wengi kuliko hao, ila wengi wao huletwa na orodha za vyama ili kufikisha theluthi inayotakiwa. Nao wanafanya kazi, sina ubishi. Wanajua pia, na wenzao hawachoki kuwakumbusha, kwamba hawana wadi nyuma yao wala mfuko wa maendeleo wa kuonyesha. Grace Onyango aliingia barazani bila orodha ya namna hiyo, kwa kuwa haikuwapo. Kuna wanaolitumia jambo hilo kupinga viti maalumu: mbona yeye aliweza? Hoja hiyo husahau kwamba katika vipindi vyake vitatu bungeni, wanawake walioweza kama yeye walihesabika kwa vidole vya mkono mmoja.

Na mwalimu je, bado anaingia siasa? Anaingia. Pita kaunti yoyote wakati wa kampeni utakuta bango la mgombea wa wadi limeandikwa Mwalimu fulani, jina la ualimu likitangulia jina la ubatizo. Kijijini ualimu bado unauza. Bado ndiye anayejua nani hajalipa karo na nani amefiwa. Kilichobadilika ni bei ya kuvuka. Sheria ya uchaguzi ya 2011 inamtaka mtumishi wa umma anayegombea ajiuzulu miezi sita kabla ya siku ya kura, na mwalimu wa TSC ni mtumishi wa umma. Kwa hiyo lazima aache mshahara mapema, wakati ambapo mikutano ya mazishi, michango ya harusi na pikipiki za vijana zinaanza kumdai. Analipa ada ya chama kabla ya kulipa ada ya tume ya uchaguzi.

Kisha kuna mchujo. Katika Kisumu na kaunti jirani, tiketi ya chama cha ODM kwa miaka mingi imekuwa karibu sawa na kiti chenyewe, vile tiketi ya KANU ilivyokuwa mwaka 1969. Mchujo ndio uchaguzi, na mchujo una fujo zake, mabishano yake na matokeo yanayogombewa hadi usiku wa manane. Mwalimu wa kike aliyefundisha miaka 15 katika wadi ileile anaweza kuwa na wapigakura wengi waliokaa kwenye madawati yake na bado akakosa kijana wa kumlinda kituoni. Akishindwa hapo, mwezi wa nne au wa tano, muhula wa shule umekwisha kuanza na mtu mwingine ameshika kipindi chake. Kurudi darasani kunamtaka aombe kazi upya TSC, na foleni ya walimu wanaosubiri ajira anaijua vizuri, maana baadhi yao aliwafundisha yeye.